Hayy, Paa na Kisiwa cha Salaman: Je, Mwenye Akili Anahitaji Dini?

SWALI: Salaam Daktari. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili na fasihi katika shule moja ya upili huku Eastlands. Kila Ijumaa jioni wanafunzi wa Chama cha Kiswahili, Waislamu na Wakristo pamoja, hukutana tukasoma hadithi na kujadiliana. Muhula huu niliwasimulia kisa cha Hayy ibn Yaqzan, mtoto aliyelelewa na paa kisiwani, nilichokisoma kwa tafsiri ya Kiingereza. Mjadala ukatushinda. Binti wa kidato cha tatu alisema mwandishi wake, Ibn Tufayl, anafundisha kwamba mwenye akili hana haja ya dini. Mvulana mmoja akamjibu kwamba kisa hicho ndicho kinachothibitisha dini. Wa tatu akauliza: kama Ibn Tufayl alikuwa mwanafalsafa, mbona hakuandika hoja zake waziwazi, akaleta hadithi kama zile za sinema za watoto wa msituni? Mwenzangu wa hisabati naye akasema hadithi haithibitishi kitu. Nani yuko sahihi, na niendelee nao vipi?

JIBU: Mwalimu, maswali ya wanafunzi wako yamebishaniwa na wasomi tangu karne ya 12, na nimefurahi kwamba yameulizwa tena hapa Nairobi na vijana wa kidato cha tatu. Kila mmoja wao ameona kitu. Lakini nikikusoma vizuri, wote wameishia pale Hayy anapomjua Mungu. Kisa kinaendelea. Hayy anaondoka kisiwani kwake, anakwenda kuwafundisha watu wa kisiwa cha pili, na anashindwa. Hapo ndipo Ibn Tufayl anapotoa uamuzi kuhusu watu wa kawaida na uwezo wao wa kufikiri, na mimi naamini uamuzi huo hakuupatia. Nitafika huko. Kwanza niwajibu vijana wako, nikianza na yule wa tatu, maana swali lake ndilo linalofungua mengine.

Abu Bakr ibn Tufayl alizaliwa Wadi Ash karibu na Granada, katika Uhispania ya Waislamu (Andalusi), mwanzoni mwa karne ya 12, akafariki Marrakesh mwaka 1185. Alikuwa tabibu wa Khalifa Abu Yaqub Yusuf wa dola ya al-Muwahhidun. Wako wanaosema alijificha nyuma ya hadithi kwa kuogopa watawala. Mimi hawanishawishi, kwa sababu ya habari moja ambayo mwanahistoria al-Marrakushi ameihifadhi. Ibn Tufayl alimpeleka mwanafalsafa Ibn Rushd, ambaye wakati huo jina lake halijavuma, akamtambulishe kwa khalifa. Mara khalifa akamuuliza mgeni: wanafalsafa wanasemaje kuhusu mbingu, ni za milele au zina mwanzo? Ibn Rushd akaingiwa na hofu, akakana kwamba anajishughulisha na falsafa. Khalifa hakumkemea. Alimgeukia Ibn Tufayl, wakaanza kulijadili wao wawili, wakitaja maneno ya Aristotle na majibu ya wanateolojia, hadi mgeni akatulia na kusema aliyokuwa nayo moyoni. Mwanafalsafa mwenye mfalme wa namna hiyo hakuwa na haja kubwa ya kujificha. Mateso yalikuja baadaye, mwaka 1195, chini ya khalifa aliyefuata, pale Ibn Rushd alipofukuzwa akapelekwa Lucena na vitabu vyake vya falsafa vikachomwa moto. Wakati huo Ibn Tufayl alikuwa amekwisha kufa.

Kwa nini hadithi basi? Sababu ya kwanza ameitaja mwenyewe. Kitabu chake ni barua ya kumjibu ndugu aliyemuuliza kuhusu siri za hekima, na katika utangulizi anasema kwamba kile mtu anachokiona mwisho wa safari ya kumjua Mungu hakiandikiki. Kikitiwa katika maneno kinageuka kingine. Anachoweza kufanya ni kumwonjesha muulizaji ili apate hamu ya kuianza safari mwenyewe.

Sababu ya pili ndiyo ya kumpelekea mwenzako wa hisabati. Swali la Ibn Tufayl ni hili: akili ya binadamu peke yake, bila mwalimu, inaweza kufika wapi? Huwezi kulijibu kwa kumchunguza mtu yeyote unayemjua. Kila mmoja wetu amelelewa na watu, akapewa lugha, majina ya vitu, sala, methali, na hata aibu zake. Ibn Tufayl anaviondoa hivyo vyote kwa mpigo mmoja. Anamweka mtoto mahali pasipo na mtu wala neno, kisha anaangalia kinachobaki. Hilo ni jaribio la kifikra. Mwalimu wa hisabati naye huanza somo kwa kusema "tuchukulie kwamba", na hakuna mwanafunzi anayemjibu kwamba jambo hilo halijawahi kutokea. Hadithi ya namna hii haithibitishi kwamba kitu kilitokea. Inaonyesha kipi kinafuata kutoka kipi.

Hata hivyo mwenzako ana hoja, na usiipuuze. Mtunzi ndiye anayeshika kalamu, naye anaweza kumfikisha mhusika wake popote anapotaka. Kwa hiyo kila hatua ya Hayy iulizwe: je, inafuata kweli, au mtunzi amemsukuma? Chukua ile sehemu anapopasua kifua cha paa aliyekufa. Anaukuta moyo, anaona chumba cha kulia kina damu iliyoganda na cha kushoto ni kitupu, anakata shauri kwamba palikuwa na mkaaji ndani yake ambaye ameondoka. Mwanafunzi wa biolojia atakwambia chumba kitupu kinaonyesha tu kwamba damu haipo pale. Hapo Hayy amesukumwa, na ni vizuri vijana walione. Kumheshimu mwandishi mkubwa ni pamoja na kumkamata anaporuka hatua.

Lakini usiwaache wakalikimbilia kosa hilo wakapitwa na lililo kubwa zaidi katika tukio lilelile. Hayy hakumpasua paa kwa udadisi. Paa alikuwa mama yake. Alimwona amelala hajibu mwito, akamtazama macho, akamtazama masikio, hakuona pa kutibu, akadhani kizuizi kiko ndani na kwamba akikiondoa mama yake atainuka. Safari nzima ya akili ya Hayy, hadi kwa Mungu, imeanzia katika huzuni ya mtoto anayetaka mama yake arudi. Katika falsafa yote niliyoisoma, sijui ukurasa unaosema kwa nguvu kiasi hiki kwamba akili haikuanza ikiwa mbali na upendo. Baadaye anawaona kunguru wawili wakipigana, mmoja anamuua mwenzake, kisha anafukua shimo na kumzika. Hayy naye anamzika paa. Wanafunzi wako Waislamu watakuwa wameshamtambua kunguru huyo: ni yule wa Surat al-Maida aliyemwonyesha mwana wa Adam namna ya kumsitiri ndugu yake. Waache wao ndio wawaeleze wenzao.

Na kama una watoto wenye asili ya Pwani, waulize kuhusu paa mwingine, yule wa kisa cha Sultani Darai ambacho Edward Steere alikichapisha mwaka 1870 pamoja na hekaya nyingine za Unguja. Maskini anamnunua paa kwa kijisenti alichookota jaani. Paa anamtafutia mke, nyumba na heshima. Paa anapougua, bwana wake haendi hata kumtazama. Paa anakufa, na yule bwana anajikuta amerudi jaani alikotoka. Kisomeni pamoja na cha Hayy. Mmoja alipewa kila kitu na paa asijifunze lolote, mwingine alipewa maziwa tu akajifunza kila kitu. Wajuzi wa tabia ya watu, yaani watunzi wetu wa hekaya, walikwisha kuliona hilo bila kupita darasa la falsafa.

Sasa hizo sinema za watoto wa msituni. Mwanafunzi wako hakukosea kuona undugu, ila ukoo unashuka kutoka juu. Kitabu cha Ibn Tufayl kilichapishwa Oxford mwaka 1671 kikiwa na tafsiri ya Kilatini ya Edward Pococke mdogo, na mwaka 1708 Simon Ockley akakitafsiri kutoka Kiarabu kwenda Kiingereza. Robinson Crusoe alitokea mwaka 1719, Mowgli mwaka 1894, Tarzan mwaka 1912. Sitaki kusema kila mmoja alinakili kwa mwenzake. Ninachotaka vijana wakione ni kilichopotea njiani. Tarzan amewekwa Afrika, na Waafrika waliomo humo hawana kazi nyingine ila kumwogopa. Uhodari wake mtunzi anaueleza kwa damu: ni mtoto wa lodi wa Kiingereza, na damu hiyo inajitokeza hata katikati ya nyani. Hilo linaniudhi hadi leo, hasa nikijua kwamba zaidi ya miaka 700 kabla yake Ibn Tufayl alikuwa amelikataa waziwazi. Yeye anatoa habari mbili za kuzaliwa kwa Hayy. Ya kwanza inasema aliumbika kwenye udongo uliochachuka kisiwani, hana baba wala mama. Ya pili inasema ni mtoto wa dada wa mfalme, aliyeolewa kwa siri na kumtia mwanawe katika sanduku baharini. Mtunzi hachagui. Anasema habari zote mbili zinakutana pale paa alipomsikia mtoto akilia, kisha anaendelea. Uwe mwana wa kasri au mwana wa udongo, kinachofuata ni kilekile.

Nije kwa binti wa kidato cha tatu. Tafadhali asinyamazishwe, na wenzake wasimwite mkafiri, maana amesoma vizuri nusu ya kwanza. Ni kweli Hayy anafika kwa Mungu bila mtume wala kitabu. Anaona kila kitu kinabadilika na kila kinachobadilika kina kinachokibadilisha. Anajiuliza kama ulimwengu una mwanzo au hauna, swali lilelile lililomtia hofu Ibn Rushd mbele ya khalifa. Mwanateolojia al-Ghazali alikuwa ameandika kitabu kizima mwaka 1095 kuwapinga wanafalsafa waliosema ulimwengu ni wa milele. Hayy anashindwa kuamua, halafu anagundua jambo zuri: vyovyote iwavyo, ulimwengu unamhitaji Aliye lazima awepo, ambaye kuwepo kwake hakutegemei kitu. Kama una mwanzo, kuna aliyeuanzisha. Kama hauna, kuna anayeushikilia. Ugomvi uliowagawa wasomi wa Baghdad na Andalusi, kijana asiyejua hata neno moja anaupita ubavuni na kuendelea.

Lakini kisa hakiishii hapo. Hayy anapokaribia miaka 50 anafika Absal, mcha Mungu kutoka kisiwa cha jirani aliyekuja kutafuta upweke. Absal anamfundisha kusema, akimwonyesha vitu na kuvitaja majina. Kisha anamweleza dini ya kwao: Mungu, malaika, ufufuo, pepo na moto. Hayy anaona kwamba yote hayo yanalingana na aliyoyafikia mwenyewe, anamsadiki mtume aliyeyaleta, na anaanza kuswali, kutoa zaka, kufunga na kuhiji kama alivyofundishwa. Mzazi yeyote akija shuleni kulalamika kwamba mnawasomea watoto kitabu cha kuacha dini, msomee ukurasa huo.

Je, basi mvulana ndiye aliyeshinda? Bado. Binti anaweza kumrudishia swali gumu: kama Hayy alikwisha kuyajua yote, ufunuo umemwongezea nini? Swali hili lilijibiwa na watu wa dini zote mbili ulizo nazo darasani. Thomas Aquinas, padri wa karne ya 13, alisema kwamba kama Mungu angejulikana kwa akili pekee, wangemjua wachache tu, baada ya muda mrefu, na kwa kuchanganyika na makosa mengi. Mtazame Hayy kwa jicho hilo. Ilimchukua karibu miaka 50 kufika mwisho wa safari yake, naye ana kipaji cha ajabu, hana kodi ya nyumba, hana mtoto wa kulisha wala bosi wa kumwamkia. Mama anayeuza mboga Gikomba kuanzia alfajiri hana miaka 50 ya kukaa pangoni akitafakari, na ni haki yake kumjua Mungu leo.

Jibu la pili nalipenda zaidi, kwa sababu lilikuja kwa njia ya hadithi. Ibn al-Nafis, tabibu aliyefariki Kairo mwaka 1288, yule aliyeeleza jinsi damu inavyopita mapafuni kutoka upande mmoja wa moyo kwenda wa pili, alitunga kisa chake kuhusu kijana aitwaye Kamil, naye yuko peke yake kisiwani. Kamil naye anatumia akili hadi kumjua Mungu. Kisha jahazi linaleta watu, wanamlisha chakula kilichopikwa, wanamvisha, na Kamil anatambua kwamba binadamu hawezi kuishi vizuri peke yake. Mmoja alime, mwingine asuke, mwingine ajenge. Wakiishi pamoja watagombana. Wakigombana watahitaji sheria. Na sheria itakayotiiwa na wote haiwezi kutungwa na mmoja wa wagombanao. Ndiyo maana wanamhitaji mtume. Wakati Hayy anaifikia dini akitokea mbinguni, Kamil anaifikia akitokea sokoni.

Hapa ndipo ninapoona upungufu wa Hayy, na naomba ukae hapa na vijana wako muda mrefu kuliko mahali pengine popote. Maadili ya Hayy ni mazuri kupindukia. Hula matunda yaliyoiva, na mbegu huzirudisha ardhini mahali zitakapoota. Akilazimika kula mnyama, huchagua wa aina iliyo nyingi ili asimalize kizazi. Akiona mti umefunikwa na mwingine, huuondolea kivuli. Akiona mnyama amechomwa na mwiba, humtoa. Yule mwanafalsafa wetu Henry Odera Oruka, aliyefundisha Chuo Kikuu cha Nairobi tangu 1970 hadi alipofariki 1995, aliandika juu ya maadili ya dunia kama mzazi wetu sote, akisisitiza kwamba tunadaiana kama watoto wa nyumba moja. Nadhani angemkubali Hayy kwa hilo.

Ila hebu waulize wanafunzi: Hayy aliwahi kumlipa nani deni? Aliwahi kumsamehe nani? Aligawana na nani urithi? Kisiwani kwake hapakuwa na mtu wa kudhulumu wala wa kudhulumiwa. Ndiyo maana Absal alipomweleza sheria za mali, biashara, riba na adhabu za wezi, Hayy alishangaa. Aliona kwamba kama watu wangeuelewa ukweli, wasingejilimbikizia mali, na sheria zote hizo zingekuwa za bure. Ni maneno matukufu, na ni maneno ya mtu ambaye hajawahi kuwa na jirani.

Akawaonea huruma watu wa kisiwa cha Absal, akataka kuwaokoa. Jahazi lililopotea njia likawachukua. Huko mtawala ni Salaman, rafiki wa Absal, mtu wa kushika sheria kama ilivyoandikwa na wa kupenda jamii. Absal akamkusanyia Hayy marafiki zake, akamwambia kwamba hawa ndio walio karibu zaidi na ufahamu kuliko watu wote. Ukishindwa na hawa, wengine huwawezi. Hayy akaanza kuwafundisha. Walimsikiliza kwa heshima, maana ni mgeni na ni rafiki wa mwenzao, lakini alipopanda kidogo tu juu ya maana ya dhahiri walinywea na kukasirika moyoni. Kadiri alivyoongeza maelezo ndivyo walivyozidi kujitenga. Akakata tamaa. Akaona wengi wao hawana tofauti na wanyama wasio na akili. Akamwomba radhi Salaman na wenzake, akawaambia ameona wanavyoona wao, washike dini ya wazee wao na wasichimbechimbe mambo yasiyowahusu. Kisha yeye na Absal wakarudi kisiwani kumwabudu Mungu hadi mauti.

Wasomaji wengi huupenda mwisho huu kwa unyenyekevu wake. Mimi naona ndani yake dharau iliyovaa adabu. Tazama alivyofanya. Alizungumza na marafiki wa Absal peke yao, kundi lililo karibu na mtawala, walioyazoea mambo yalivyo. Hakwenda kwa mvuvi. Hakumuuliza mkunga. Kisha akawahukumu watu wote wa kisiwa kwa jibu la meza moja. Absal alimwambia kwamba hao ndio walio karibu na ufahamu, naye, mtu ambaye maisha yake yote hakukubali jambo bila kulipima, hili la Absal akalikubali bila kulipima! Na jambo la pili: alihutubu tu. Hakuna mahali anapomuuliza hata mmoja wao, "Wewe unaonaje?" Yeye mwenyewe alifundishwa lugha na Absal kwa subira, kitu kimoja kimoja, lakini alipopata nafasi ya kufundisha hakuwapa wengine subira hiyo.

Kazi kubwa ya Odera Oruka naisoma kama jibu kwa kisiwa cha Salaman, ingawa aliifanya kwa sababu nyingine. Katika miaka ya 1970 wasomi wengi walidai kwamba vijijini Afrika hakuna falsafa, kuna mila tu zinazopokezanwa. Oruka aliondoka ofisini akaenda kwa wazee, akakaa nao, akawauliza kuhusu Mungu, kifo, haki, usawa wa mume na mke, na kila walipojibu aliwabishia ili aone kama watatetea. Aligundua makundi mawili. Wako wazee wanaoijua vizuri hekima ya jamii yao na kuieleza, basi. Na wako wanaoipima hekima hiyo kwa akili zao, wakakubali hili na kukataa lile. Matokeo yake aliyatoa katika kitabu mwaka 1990. Mmoja wa kundi la pili alikuwa Paul Mbuya Akoko, mzee wa Kijaluo. Aliulizwa kuhusu Mungu akasema kwamba Wajaluo walikosea kudhani wana Mungu wao peke yao. Mungu ni mmoja kwa watu wote, kwa sababu maumbile yana utaratibu mmoja, na miungu ingekuwa mingi ingeshindana na maumbile yangevurugika. Soma tena hoja hiyo polepole. Wanafunzi wako wanaosoma Kurani watakwambia hoja yenye sura hiyohiyo imo katika Surat al-Anbiya, aya ya 22. Na Hayy anaelekea hukohuko anapoona ulimwengu wote ni kama mwili mmoja.

Kwa hiyo mtu wa namna ya Hayy hakuhitaji kisiwa kisicho na watu. Alikuwapo Nyanza, katikati ya ndugu, mila, misiba na kesi za mashamba, akiwaambia jamaa zake waziwazi kwamba hapa tulikosea. Hawakumfukuza. Walikuwa wakimwendea kwa ushauri. Kisiwa cha Salaman nacho kilikuwa na watu wake wa namna ya Mbuya, Hayy hakuwatafuta.

Na sasa, Mwalimu, naweza kumjibu kikamilifu yule mwanafunzi wa tatu. Hayy alishindwa kwa sababu aliwapelekea watu hoja tupu. Ibn Tufayl, aliyeijua habari ya kushindwa huko kuliko mtu yeyote kwa kuwa ndiye aliyeitunga, hakufanya kama shujaa wake. Yeye alitwaa hoja zilezile akazitia katika kisa cha mtoto na paa, akazipeleka kwa yeyote anayejua kusoma. Shujaa anasema waacheni watu na mila zao. Mwandishi anawapa watu kitabu. Mimi namwamini mwandishi kuliko shujaa wake, na nadhani kitendo chake cha kuandika kinaipinga hukumu aliyoiweka katika kurasa za mwisho.

Katika Kiswahili tunaye aliyelifanya hilo kwa uwazi zaidi. Katika Kusadikika ya Shaaban Robert, iliyochapishwa mwaka 1951, Karama anashtakiwa kwa kufundisha elimu ya sheria. Hahutubu kuhusu haki kwa jumla. Anaileta mahakamani historia ya watu walewale wanaomsikiliza: wajumbe sita waliotumwa nje ya nchi, wakarudi na mema, wakalipwa kwa vifungo. Kila mmoja pale barazani anawajua au anawajibika kwao. Karama anaachiliwa, na wajumbe wanafunguliwa. Utetezi wote ni visa, na visa vile vimebeba hoja.

Ushauri wangu wa namna ya kuendelea ni huu. Ijumaa ijayo wasomee sehemu ya mwisho kwa sauti, kuanzia Absal anapofika, kisha ligawe darasa. Wachache wawe Hayy na Absal. Walio wengi wawe watu wa Salaman, na wape kazi ya kueleza kwa nini walikasirika, kwa sababu zinazoingia akilini, si kwa ujinga. Utashangaa watakachokisema. Mmoja atasema tulikuwa na watoto wa kulea na mgeni huyu anatuambia mali ni upuuzi. Mwingine atasema alitudharau tangu alipofungua mdomo. Wale wanaojua Biblia walete Warumi 1:20, kuhusu mambo ya Mungu yasiyoonekana kufahamika kwa kazi zake, wakilinganishe na safari ya Hayy. Wanaojua Kurani walete kunguru wa al-Maida na aya ya al-Anbiya. Usiruhusu yageuke mashindano ya dini gani imetajwa zaidi. Kila anayesimama umuulize swali moja: ni hatua gani ya Hayy ambayo haifuati?

Yule binti mpe kazi ya kumtetea Hayy anayesema hana haja ya kufundishwa, na yule mvulana ampinge, halafu wiki inayofuata wabadilishane.

Kuhusu tafsiri, ile ya Ockley ya 1708 ina Kiingereza cha zamani kitakachowachosha; ya Lenn Goodman ya mwaka 1972 inasomeka vizuri zaidi. Utangulizi wa Ibn Tufayl, ambamo anawakosoa wasomi waliomtangulia, al-Farabi, Ibn Sina, al-Ghazali na Ibn Bajja, mmoja baada ya mwingine, uruke unapokuwa na wanafunzi. Usome wewe likizoni, na ukikwama mahali niandikie tena.